Omar Yupi? Kisa cha samansi iliyoingia nyumba isiyo yake

Kisa hiki nilikishughulikia nikiwa msaidizi wa sheria hapa Unguja, na wenyewe wameridhia kisimuliwe. Majina, lakabu, mitaa na baadhi ya mambo ya kifamilia nimeyabadilisha. Mume nimempa jina la Omar Hamad Omar. Silo lake, ila limejengwa vile vile kama lake, na bila ya mjengo huo kisa hakieleweki.

Usuli

Mume na mke wanaishi Ng'ambo, vyumba viwili vya kupanga, na ua wanashirikiana na wapangaji wengine. Mume ni Mpemba, seremala wa milango na vitanda. Mke kazaliwa hapo hapo mjini, anashona kofia za mkono, zile za vitobo, ambazo moja ikishonwa vizuri humaliza miezi. Wana watoto watatu, wote skuli. Majirani wanasema ndoa yao haikuwa na makelele, na katika ua kama ule, ambapo hata sahani ikivunjika hujulikana kaivunja nani, ushahidi wao si wa kupuuzwa.

Kila msimu wa karafuu mume huvuka kwenda Pemba. Marehemu baba yake kaacha mikarafuu, warithi ni wengi, na asiyekuwepo wakati wa kuchuma na kuanika huja kuambiwa kuwa mwaka huu miti haikuzaa. Hukaa wiki kadhaa. Huko mabondeni simu mara inashika, mara haishiki. Miaka yote hiyo mke hakuliona hilo kuwa ni tatizo.

Sasa jina. Zanzibar mtu huandikwa kwa majina matatu: lake, la baba na la babu. Na kwa kuwa mtoto wa kiume mara nyingi hupewa jina la babu yake, majina mawili huzunguka ndani ya ukoo vizazi na vizazi. Omar anamzaa Hamad, Hamad anamzaa Omar, Omar anamzaa Hamad tena. Ukoo wa jirani nao una Omar na Hamad wake. Sensa ya 2022 ilihesabu watu 1,889,773 Zanzibar nzima, na majina wanayogawana watu wote hao ni machache mno. Simama bandarini Mkoani meli inaposhusha abiria, uite "Omar Hamad!", uone shingo zinazogeuka. Ndiyo maana vijijini Pemba mtu hajulikani kwa majina yake matatu, anajulikana kwa lakabu. Lakini lakabu haimo kwenye cheti cha kuzaliwa, haimo kwenye kitambulisho cha Mzanzibari Mkaazi, wala haimo kwenye hati ya ndoa.

Kilichotokea

Jumanne moja kabla ya adhuhuri msaidizi wa sheha, yaani kiongozi wa serikali wa mtaa, alipiga hodi na bahasha mkononi. Mume yuko kazini. "Hii ya Omar Hamad Omar, ndipo hapa?" Ndipo. Mke akatia saini, akapokea. Bahasha haikuwa imegandishwa.

Ndani mlikuwa na samansi ya Mahkama ya Kadhi ya wilaya moja ya Pemba. Mdai mwanamke. Mdaiwa Omar Hamad Omar, kazi yake mvuvi, anaishi Ng'ambo, Unguja. Dai ni matunzo ya mke na mtoto mmoja kwa miezi saba, na tarehe ya kusikilizwa ni wiki mbili mbele. Mke alisoma mpaka kwenye neno "mke", akarudi juu kulitazama jina, akashuka tena. Neno "mvuvi" aliliona. Alinieleza baadae kwamba alilipatia tafsiri papo hapo: kaandikisha mvuvi ili asijulikane.

Mume aliporudi jioni alikuta nguo zake zimo ndani ya polo la mchele, limefungwa kamba, limewekwa mlangoni. Kofia aliyokuwa akishonewa kwa ajili ya Sikukuu, iliyobakia kazi ndogo tu, mke aliimaliza mchana ule ule kwa hasira, akamuuzia jirani kwa bei ya kutupa.

"Nenda kwa mke mdogo," aliambiwa.

"Mke mdogo gani?"

"Kwani wako wangapi?"

Mume akacheka. Kicheko cha mtu asiyeelewa kitu hakitofautiani sana na kicheko cha mtu aliyekamatwa, na mke alikihesabu katika fungu la pili. Alipooneshwa karatasi alisema si yake. Mke akamsomea jina, neno kwa neno, mpaka la babu. Hapo mume akapandwa na hasira, akatamka maneno yaliyomgharimu kuliko samansi yenyewe:

"Na hata ningeoa, ningefanya haramu gani?"

Ua mzima ulisikia. Kufika Isha, mtaa ulishajua kuwa Omar kakiri.

Kesho yake mume, ambaye usiku alilala barazani, alikwenda kusali Magharibi akaiacha simu kwenye chaji. Mke akaifungua. Kwenye miamala ya fedha akakuta kila mwezi kuna kiasi kinakwenda kwa mtu aliyehifadhiwa kwa jina la "M. Mdogo Wete". Mke Mdogo, Wete. Hakutaka ushahidi mwengine. Akapiga namba ile, ikapokewa na sauti ya msichana. Mke akauliza kwa upole wa kutega: "Omar kesha kutuma za mwezi huu?" Msichana akajibu bila ya wasiwasi: "Katuma juzi, tushapata." Mke akakata simu.

Ile "M." ilikuwa ya "Ma". Ma mdogo, yaani khaloo yake, dada wa mama yake, mzee wa sukari na presha, aliyemlea tangu mama yake alipofariki. Aliyepokea simu ni mjukuu.

Wazee waliitwa. Upande wa mume alikuja ami yake, upande wa mke mjomba wake, na kikao kikakaa Alhamisi baada ya Laasiri. Nimesimuliwa na wawili waliokuwemo, na maelezo yao yanalingana. Mjomba alifungua kwa kusema kuwa mtoto wao hakudharauliwa kwa kuolewa mke mwenza, kadharauliwa kwa kutoarifiwa. Ami akakubali kuwa hapo mwanawe alikosa adabu. Kisha ami, ambaye kasoma na anapenda ijulikane, akaanza kueleza uadilifu baina ya wake: zamu za kulala, mavazi, zawadi za Sikukuu, na ugumu wa zamu pale mke mmoja yuko Unguja na mwengine yuko Pemba. Je, siku ya safari ihesabiwe katika zamu ya nani? Wakalijadili hilo. Mume kila akifungua mdomo kukana, ami humwekea mkono begani: "Usikane, mwanangu. Jambo la kheri halikanwi." Kikao kiliondoka na makubaliano ya awali ya siku kumi na siku kumi, kwa mke ambaye mume hajawahi kumuona.

Ijumaa mke akaja kwangu. Alitaka kujua njia ya khuluu, yaani mke kujivua katika ndoa.

Maamuzi na sababu zake

Uamuzi wa kwanza ulikuwa kutoanza na khuluu. Madai ya ndoa, talaka na matunzo baina ya Waislamu hapa kwetu ni kazi ya Mahkama ya Kadhi, kwa Sheria Namba 9 ya 2017, na mlango ule upo wazi siku zote. Hakuna haja ya kuukimbilia ndani ya juma lenye hasira. Nikamwomba anioneshe samansi. Nilipoisoma nilisimama pale alipopita yeye: mvuvi.

"Mumeo anavua?"

"Anasema havui."

"Wewe umepata kumuona na samaki?"

"Wa kununua."

Uamuzi wa pili ulikuwa kumpigia simu sheha wa shehia ya mdai. Sikupiga kwa mdai mwenyewe, kwa kuwa maneno ya mdai yangehesabiwa ni maneno ya adui. Nikamtajia sheha jina la mdaiwa. Akanyamaza kidogo.

"Omar yupi?"

"Omar Hamad Omar."

"Ndiyo, yupi? Hapa n'nao wanne."

Akaanza kunihesabia. Mmoja ana duka. Mmoja anasomesha chuo cha Kurani. Mmoja yuko darasa la tatu. "Na Pono. Aliyekwenda Unguja akaacha mke ni Pono." Nikauliza kwa nini akaitwa Pono. "Ukimuona utajua," alisema. "Labda umkute macho." Pono, kwa asiyekaa na wavuvi, ni samaki anayesifika kwa usingizi.

Kwangu mimi jambo lilikuwa limekwisha. Kwa mke halikwisha. Alisikiliza yote, kisha akasema: "Sheha wao huyo. Wapemba wote ndugu." Nisingeweza kumlaumu. Alikuwa na karatasi yenye muhuri, miamala ya fedha, sauti ya msichana, na maneno ya mume mwenyewe mbele ya ua mzima. Mimi nilikuwa na samaki.

Uamuzi wa tatu ulimhusu mume. Yeye alitaka kuichana samansi, kwa hoja kwamba si yeye. Nilimzuia. Aliyeitwa kwa jina lake asipofika wala asipotoa taarifa, kesi inaweza kusikilizwa upande mmoja, na amri ya kulipa ikatoka kwa jina ambalo ndilo lake. Kujieleza kabla ya amri ni rahisi. Kuivua amri iliyokwisha kukukaa ni kazi. Alikuwa na njia mbili: kuirejesha samansi kupitia kwa sheha pamoja na barua ya maelezo na nakala ya kitambulisho, au kufika mwenyewe. Nilipendekeza ya kwanza, ambayo haina nauli. Mke akasema yeye atakwenda Pemba, mume aende asiende. Basi mume naye akaenda.

Safari na mahkama

Walipanda meli moja na hawakukaa pamoja. Mke alifuatana na wifi yake, dada wa mume, ambaye katika mgogoro huu alikuwa upande wa mke waziwazi. Mume alikaa safu ya mbele yao.

Mkondo wa Nungwi siku ile ulikuwa umechafuka. Mume alianza kutapika hata Nungwi yenyewe haijapotea machoni, na hakunyamaza mpaka Pemba ilipoonekana. Mke alimtazama muda mrefu. Wifi yake ananiambia kuwa alimuona akifungua mkoba, akatoa ndimu, akaikata kwa meno, akainyoosha juu ya kiti bila ya kutamka neno. Mume akaipokea bila ya kugeuka. Kisha mke akainama kwa wifi yake, akasema kwa sauti ndogo: "Mvuvi gani huyu?"

Hiyo ndiyo ilikuwa shaka yake ya kwanza, na haikuletwa na simu yangu.

Mahkamani Kadhi hakuanza na dai. Alianza na watu. Akamsimamisha mdai, msichana wa umri wa miaka ishirini na kidogo, mtoto mgongoni, akamwelekeza kwa mume.

"Mdaiwa wako ndiye huyu?"

Mdai akamtazama kuanzia juu mpaka chini.

"Siye, Sheikh."

"Una hakika?"

"Sheikh, mume wangu nisimjue miye?" Akamtazama tena yule seremala, uso umemparama kwa bahari, kanzu imekunjamana. "Na huyu hata nikipewa pamoja na hayo matunzo, simtaki."

Watu wakacheka. Aliyeinuka ni mke wetu, aliyesafiri kutoka Unguja kuja kumkana mwanamume huyo huyo.

"Humtaki ana nini? Ana kasoro gani?"

Kadhi akamwomba akae. Karani akajifanya anatafuta kalamu.

Matokeo

Kadhi aliamuru samansi mpya itolewe, na safari hii mdai aulizwe mambo zaidi ya jina. Pono alipatikana bila ya shida. Hakuwa amejificha, alikuwa dago, yaani kambi ya wavuvi, na wenzake kaskazini ya Unguja, simu kaiuza. Ng'ambo alitajwa kwa sababu mtu wa mwisho kumuona alimuona kule, akipita. Matunzo yakapangwa. Hilo ni kisa jengine.

Mume na mke walilala Wete kwa yule khaloo kabla ya kurudi. Mlango ulifunguliwa na msichana, na mke aliijua sauti kabla ya kuiona sura. Hakumwambia mzee chochote. Aliikuta dawa ya sukari juu ya meza, akauliza inauzwaje, akatajiwa bei, akanyamaza.

Kuomba radhi kwa maneno hakujatokea mpaka leo, kwa upande wowote. Mke alianza kofia nyengine. Mume bado anakutana na ile ya mwanzo msikitini kila Ijumaa, kichwani kwa jirani, na anasema inampwaya. Ami anashikilia kuwa kikao kilikwenda vizuri, ila kilikosa mke wa pili. Mtaani sasa mume anaitwa Omar Samansi, na karatasi yoyote ikija kwa ajili yake haitopotea njia tena.

Uchambuzi

Kosa la chanzo lilikuwa la kawaida kabisa, na sitaki kumtwisha mtu mmoja. Mdai alitaja majina matatu ya mumewe, kama anavyotakiwa. Karani aliyaandika. Sheha wa Ng'ambo alifungua daftari la wakaazi, akakuta Omar Hamad Omar mmoja tu, tena Mpemba. Kila mmoja alifanya kazi yake na jina likalingana kila lilipopita. Tatizo la majina matatu ni kuwa yanaonekana kamili. Ungeandikwa "Omar" peke yake, kila mtu angeuliza Omar yupi. Kwa kuwa yalikuwa matatu, aliyeuliza ni sheha wa Pemba tu, kwa sababu yeye anaishi nao wanne.

Lakini jina halikutosha kuivuruga nyumba. Kilichoivuruga ni kuwa kulikuwa na siri ndogo ya kweli. Mume alikuwa akimtumia khaloo yake fedha bila ya kumwambia mkewe, si kwa ubaya, bali kwa kukwepa mjadala wa ada na daftari za watoto. Mke alipotafuta kilichofichwa alikikuta. Alikosea ni cha nani, hakukosea kuwa kipo. Wanaosema mke yule alikuwa na wivu tu hulisahau hilo, na mume mwenyewe, kwa haki yake, halisahau.

Halafu kuna lile neno la haramu. Naliona kwa waume wengi wanaokuja kwangu: mtu anatuhumiwa kwa tendo, badala ya kulikana tendo anatetea haki ya kulitenda. Kisheria hoja yake ilikuwa sahihi. Mume Muislamu hapa haombi idhini ya mke kuoa wa pili. Ila aliulizwa kama kaoa, hakuulizwa kama anaweza. Ukijibu swali ambalo hukuulizwa, waliokusikiliza huona lile la kwanza umelikubali.

Kikao cha wazee kilifeli kwa namna inayofanana na hiyo. Wazee walikuja na ujuzi wa kusuluhisha mgogoro wa mke wa pili, basi wakausuluhisha. Ujuzi ule ni wa kweli na nimeuona ukiokoa ndoa. Hapa haukuwa na pa kushika, na aliyejaribu kusema hivyo alinyamazishwa kwa wema. Kikao chenye adabu hata kidogo kingeanza kwa kumuacha mtuhumiwa amalize sentensi moja.

Katika yaliyofaa, la Kadhi ndilo kubwa: kumtambulisha mdaiwa mbele ya mdai kabla ya kugusa dai. Lilichukua muda mfupi kuliko kuitana majina mlangoni. Kutoichana samansi nako kulifaa. Simu kwa sheha wa Pemba ilileta jibu sahihi lakini haikumshawishi aliyehitaji kushawishiwa, na hapo nakubaliana na mke: safari ilikuwa ghali na ilikuwa lazima. Jibu la simu lilikuwa langu. Lile la kwenye meli alilipata mwenyewe.

Sasa mtu akileta dai kwangu, baada ya jina namuuliza mdaiwa anaitwaje na watoto wa mtaani kwao, kazaliwa shehia gani, mama yake nani, anafanya kazi gani, na kama hati ya ndoa ina namba ya kitambulisho chake. Lakabu ndiyo inayosumbua. Nyingi ni za kejeli, na wake wanaona haya kuzitaja mbele ya mtu mzima. Katika kesi hii karani naye alisita, akauliza kama inafaa kuandika "Pono" juu ya karatasi ya Mahkama. Ikaandikwa: Omar Hamad Omar, ajulikanaye pia kwa jina la Pono, mvuvi. Bahasha ilifika dago siku ya tatu. Aliyeipeleka anasema alimkuta amelala chini ya mti, akamwamsha, na wala hakuuliza kama ni yake.